Muhogo na Mnazi: Juu ya Kumwita Rafiki Mchezoni

Neno "karibu" lina maana mbili, na aghalabu hutamkwa bila ya msemaji kukumbuka kuwa ziko mbili. Kwanza ni kipimo cha masafa: kilicho karibu hakiko mbali. Pili ni ruhusa: mgeni abishapo hodi akaambiwa karibu, ameambiwa kwamba masafa yaliyokuwepo baina yake na nyumba ile yameondolewa. Watu wa pwani wanajua vilevile kwamba ruhusa hiyo ina daraja. Iko karibu ya mtu aliyekutwa anakula, ambayo jawabu yake ya adabu mara nyingi ni "starehe". Iko karibu ya barazani, isiyofika ukumbini. Na iko karibu ya ndani, ambayo haitolewi kila siku wala kwa kila mtu. Mwenyeji halazimiki kueleza ni ipi anayoitoa. Mlango, mkeka na sauti yake vinaeleza, na mgeni muungwana husikia.

Ugumu unaanzia pale mahali pa kukaribishia pasipokuwa na mlango, mkeka wala sauti. Katika miaka hii mahali pa namna hiyo pamekuwa pengi. Vijana wanaalikana kuingia katika malimwengu yaliyofumwa kwa hesabu za kompyuta, wakajenga humo nyumba, wakalima, wakafuga, wakaagana usiku na kurudi kesho yake. Mashuhuri kati ya michezo hiyo ni Minecraft, uliobuniwa na Msweden Markus Persson, ukaanza kuonekana mwaka 2009 ungali mbichi, ukatolewa rasmi mwaka 2011, na kampuni iliyoumiliki ikanunuliwa na Microsoft mwaka 2014 kwa dola bilioni 2.5. Kufikia mwaka 2023 nakala zilizouzwa zilikuwa zimepita milioni 300.

Msomaji ambaye hajapata kuuona asidhani kuwa ni mchezo wa lazima kushinda au kushindwa. Hauna goli la kufunga wala kete ya kula. Anayeingia hujikuta amesimama mahali penye majani, miti na vilima, na kila kitu ni mchemraba: mchemraba wa udongo, wa jiwe, wa gogo. Anaweza kuung'oa mchemraba wowote na kuuweka pengine. Mchana na usiku wa humo, kwa pamoja, ni dakika 20 za saa ya ukutani, na giza likiingia hutoka viumbe wabaya, kwa hiyo kazi ya kwanza ya kila mgeni ni kujisitiri. Zana ni zile anazozijua mkulima yeyote: shoka, sururu, beleshi, jembe. Baada ya hapo mtu hufanya atakalo. Ndiyo maana mchezo wa aina hii hufananishwa na lundo la mchanga ambalo watoto huachiwa wachezee, wala hapana mkubwa anayewaambia wajenge nini.

Basi na achukuliwe kijana mmoja wa Kasulu mjini, wa kufikirika lakini si wa ajabu. Ni likizo, maana shuleni mwanafunzi haruhusiwi kuwa na simu. Ameketi na wenzake wanne chini ya mwembe, mmoja wao amekuja kutoka Kibondo kumzuru mjomba wake. Kijana huyu ndiye mwenye simu iliyo bora kuliko za wenziwe. Anaifanya simu yake kuwa mnara mdogo ili simu nyingine zishikane nayo, na bila ya kutumia hata senti ya bando wanne wale wanaingia katika ulimwengu alioufungua yeye. Simu yake ndiyo nyumba. Simu za wengine ni vichochoro vya kuifikia. Akitoka yeye, wote wametoka. Betri yake ikiisha, jua la humo limezimika. Na katika miji ambayo kwa miaka mingi iliangaziwa na majenereta ya dizeli kabla gridi ya taifa haijafika, kuisha kwa betri halikuwa jambo la mfano tu.

Neno lake la mwaliko ni fupi: "Njooni tujenge." Hakusema zaidi, na hakuna aliyeuliza zaidi.

Kwa wiki tatu wanajenga. Yule wa Kibondo, ambaye ana subira kuliko wote, anachonga ngazi kuteremka mlima mzima, anavusha daraja juu ya mto, anapanda shamba la ngano kandokando ya maji. Likizo inakwisha, kila mtu anarudi kwao. Siku chache baadaye mwenye simu anaona nafasi imejaa, nyimbo mpya haziingii, na kwa kidole kimoja anaufuta ulimwengu ule. Hakukusudia ubaya. Hata hakufikiri. Je, amekosa?

Jawabu la haraka ni kwamba hakukosa. Simu ni yake, ulimwengu aliufungua yeye, wenziwe walikuwa wageni, na mgeni hana hatia ya nyumba mkononi. Jawabu hili lina nguvu, wala halifai kubezwa. Lakini linaegemea neno "mgeni" kana kwamba neno hilo halibadiliki, ilhali Waswahili walikwisha kuona kwamba linabadilika, tena upesi. Mgeni siku mbili. Siku ya tatu mpe jembe. Methali hii imezoeleka kusomwa kama onyo kwa mgeni asichoshe watu. Inaweza kusomwa kwa upande wa pili. Anayempa mgeni jembe amefanya jambo ambalo hawezi kulirudisha: amemtoa katika daraja ya kulishwa na kumtia katika daraja ya kulisha. Baada ya msimu mmoja, ndani ya ghala mna mahindi ambayo hayangekuwemo lau si jasho la mtu yule. Kumwambia siku hiyo kwamba yeye ni mgeni tu, kama alivyokuwa siku ya kwanza, ni kusema uongo juu ya ghala.

Sasa, katika mchezo huu jembe hutolewa dakika ya kwanza. Siku mbili za kukirimiwa hazipo. Mwaliko wenyewe ni wito wa kazi.

Wenye mashamba wa Unguja na Pemba, na wenzao wa mwambao wa Kenya, waliijua hatari ya jembe kuliko wanafalsafa. Visiwani ilikuwa kawaida, na wazee hawaioni kuwa ajabu, ardhi kuwa ya mtu mmoja na miti iliyosimama juu yake kuwa ya mwingine. Mnazi unaweza kuuzwa, kurithiwa au kuwekwa rehani peke yake, bila ya udongo ulioushika. Kwa sababu hiyo, utumwa ulipopigwa marufuku Unguja mwaka 1897, na wengi wa walioachwa huru wakabaki mashambani pamoja na watu waliotoka bara, mapatano yalikuwa na mpaka ambao kila mtu aliujua. Mkaazi alipalilia chini ya mikarafuu na minazi ya mwenye shamba, naye akaachiwa apande baina ya miti hiyo muhogo wake, viazi vyake, kunde zake. Muhogo, ndiyo. Mnazi, hapana. Muhogo huliwa ukaisha, na shimo lake hufukika kwa mvua moja. Mnazi humzika aliyeupanda na kuwalea wajukuu wake, na kila mwaka unaoongezeka humshuhudia mpandaji kwamba alikuwa hapo.

Hapana haja ya kuusifu utaratibu ule. Ulimweka mtu juu ya ardhi bila ya kumpa ardhi, na katika miaka ya mwisho ya 1950, siasa za vyama zilipopamba moto Unguja, wako wakaazi waliofukuzwa mashambani kwa sababu ya chama walichokifuata, muhogo haukuwatetea. Hata hivyo kulikuwa na chembe moja ya insafu ndani ya dhuluma ile, nayo ni uwazi. Mkaazi alijua tangu mwanzo ni kipi anachoweza kukipanda, na kwa hiyo alijua ni kiasi gani cha maisha yake akizike pale. Bara nako haikuwa mbali na hivyo. Katika Buha, nchi ya Waha ambamo Kasulu na Kibondo zimo, palikuwa na mapatano ya ng'ombe yaliyoitwa ubugabire: mwenye mifugo humkabidhi mwingine ng'ombe, huyu akapata maziwa na samadi, na kwa upande wake akawa mtu wa yule aliyempa, akimtumikia. Ni mapatano ya mnyonge na mwenye nguvu, bila shaka. Lakini hakuna aliyelala akidhani ng'ombe ni wake akaamka na kukuta zizi tupu bila ya kujua kwa nini.

Immanuel Kant, katika kijitabu chake cha mwaka 1795 juu ya amani ya kudumu, alitenga haki ya kuzuru na haki ya kukaa, akasema kuwa ya kwanza ni ya kila mtu, ama ya pili yataka mapatano maalumu. Kugawa kwake ni kuzuri, ila kumeacha jambo moja nje: kazi. Mtu hakai tu. Akikaa, hupanda kitu. Na suali la uadilifu haliko katika siku ngapi amekaa, bali katika aliruhusiwa kupanda nini, na je, aliambiwa.

Ni vigumu kulitamka suali hili kwa habari ya Kasulu na Kibondo bila ya kukumbuka kwamba nyanda zile za juu za Kigoma zimeulizwa suali hilohilo kwa miaka mingi, si kwa michemraba ya kioo cha simu bali kwa matofali ya udongo. Mipaka ya pale ni ya karibu, na Mha na Mrundi husikilizana kila mmoja akisema lugha yake. Baada ya kuuawa kwa Rais Melchior Ndadaye Oktoba 1993, na katika vita vilivyofuata, Warundi walivuka kwa maelfu. Wakafunguliwa makambi: Mtabila upande wa Kasulu, Nduta, Mtendeli na Kanembwa upande wa Kibondo. Mwaka 1996 ikafunguliwa Nyarugusu kwa Wakongo waliokimbia Kivu ya Kusini. Tanzania ilisema karibu, na haikuwa karibu ya mdomo. Vijiji vya Waha viligawana kuni, maji na njia na watu hao, na aliyesema kwamba kugawana huko hakukuwa na maudhi hakupata kuchanja kuni.

Ila ilikuwa karibu ya muhogo. Sheria ya Wakimbizi ya mwaka 1998 ilimtaka mkimbizi akae mahali alipopangiwa, asitoke bila ya kibali. Bustani ndogo kando ya nyumba, ndiyo; shamba, hapana. Neno lililotumika tangu mwanzo lilikuwa "kwa muda". Hapo ndipo uwazi wenyewe unapoanza kuchuja, kwa maana muda una tabia ya kuota mizizi bila ya kuomba ruhusa. Mtoto aliyezaliwa Mtabila mwaka 1996 alikuwa na umri wa miaka 16 kambi ile ilipofungwa mwishoni mwa mwaka 2012, na watu zaidi ya 30,000 wakarejeshwa Burundi katika miezi yake ya mwisho. Kwa mtoto yule, "kwa muda" yalikuwa ndiyo maisha yote aliyoyajua. Nyumba za udongo hazibebeki. Mahali pale baadaye pakawa kambi ya Jeshi la Kujenga Taifa. Mwaka 2015 Burundi ilipochafuka tena, Nduta, ambayo nayo ilikuwa imekwisha kufungwa, ikafunguliwa upya mwezi Oktoba, na Mtendeli Januari 2016. Miongoni mwa waliovuka walikuwemo waliokuwa wakija kwa mara ya pili au ya tatu. Mtendeli ikafungwa tena mwaka 2021.

Taifa hilohilo lilikuwa limewahi kusema karibu ya namna nyingine. Warundi waliokimbia mauaji ya mwaka 1972 walipewa ardhi ya kulima katika makazi ya Ulyankulu, Katumba na Mishamo, na baada ya miaka mingi watu wapatao 162,000 kati yao na vizazi vyao walikubaliwa uraia, vyeti vikaanza kutolewa mwaka 2014. Wale walipandishwa mnazi. Mwenyeji ni mmoja, mgeni ni mmoja, mwaliko ni mbali mbali. Anayetaka kuhukumu na ahukumu, ila asisahau kwamba katika habari zote mbili mgeni aliinua nyumba kwa mikono yake, na mikono haitofautishi nyumba ya muda na nyumba ya daima. Jasho ni lilelile.

Hapa msomaji mwenye busara atakohoa. Atasema kuwa ni aibu kulinganisha daraja la kioo na nyumba iliyobomolewa Mtabila. Kimoja ni mchezo. Na kweli, si sawa, wala hapana anayedai kuwa ni sawa. Aliyepoteza nyumba amelala nje, na aliyepoteza daraja la Minecraft amelala kitandani kwake. Lakini neno "mchezo tu" limefunika makosa mengi. Watoto wa Bara hucheza kombolela: mmoja anafumba macho na kuhesabu, wengine wanajificha, na aliyejificha akiwahi kugusa kituo kabla hajaonekana huwakomboa waliokamatwa. Kila aliyeucheza anamjua yule mtafutaji ambaye, wenzake wakiwa wamejibanza migombani, alisikia harufu ya chakula akaenda zake nyumbani bila ya kumwambia mtu. Waliojificha walibaki gizani, wakijiona mahodari, wakidhani wanatafutwa. Hawakupoteza chochote kinachoweza kupelekwa mahakamani. Na bado yule mtafutaji alifanya jambo la haya, na utu uzima haujalifuta. Kosa lake si kwamba aliacha kucheza. Kila mtu ana haki ya kwenda kula. Kosa ni kwamba aliondoka na kuuacha mchezo ukiendelea ndani ya vichwa vya wengine.

Wapenzi wa ushairi wana sababu zaidi ya kulihofu neno "tu". Beti nayo ni pumzi tu. Kwa vizazi kadhaa malenga wa Kiswahili wamealikana katika uwanja usio na ukuta: mmoja hutoa fumbo, akawaita wenziwe walifumbue, na jawabu hurudi kwa bahari ileile na vina vilevile, wakati mwingine kutoka mji ambao mwulizaji hajapata kuuona. Gazeti la Mambo Leo, lililoanza mwaka 1923, lilikuwa uwanja mmojawapo wa namna hiyo. Mtunzi aliyejibu alifanya kazi ndani ya nyumba iliyojengwa na mwingine, kwa vipimo vya mwenye nyumba. Lakini nani atasema kuwa jawabu lake ni mali ya mwulizaji? Na mwulizaji akikusanya diwani yake baada ya miaka 30, akaweka mafumbo yake na kuyatupa majibu, nusu ya kila shairi imekufa, na aliyeiua si mwandishi wake.

Tena uwanja huo ulipata mtu aliyeelewa maana ya kualika kwa haki, naye alitoka Kigoma hiyohiyo. Kaluta Amri Abedi alizaliwa Ujiji mwaka 1924, kando ya ziwa, chini ya nyanda ambazo Kasulu imekalia. Mwaka 1954 alitoa Sheria za Kutunga Mashairi na Diwani ya Amri. Kitabu hicho kimelaumiwa kwa ukali wa sheria zake, na ugomvi wa vina na mizani uliofuata kizazi baadaye haujesha hadi leo. Lakini kiangaliwe kama mwaliko. Kabla ya hapo kanuni zilipokewa kwa kukaa na mafundi, na mtu wa mbali aliweza kutunga miaka mingi bila ya kujua kwa nini hakubaliwi. Mzaliwa wa Ujiji alizitia katika maandishi. Aliyetaka kuingia aliambiwa mlangoni nini kinahesabiwa kuwa shairi na nini hakihesabiwi, na baada ya hapo mahali alipozaliwa hapakuwa tena hoja. Kali, ndiyo. Siri, hapana.

Hilo ndilo analodaiwa yule kijana wa Kasulu, wala si kubwa kuliko hilo. Hadaiwi kuutunza ulimwengu ule milele. Kuna wanaotaka kumpandishia mwenyeji mzigo huo, wakisema kuwa aliyekaribisha amejifunga. Lakini ukarimu usio na mwisho ni kifungo, na anayeogopa kifungo hatamkaribisha mtu. Simu ni yake na nafasi ni ndogo. Anachodaiwa ni kusema. Siku ya kwanza angesema: ulimwengu huu umo katika simu yangu, na simu hii nitaihitaji; jengeni mkijua. Huo ungekuwa muhogo, na yule wa Kibondo angejenga kibanda cha usiku mmoja, akacheka, akaridhika. Au angesema: huu tutauweka. Huo ungekuwa mnazi, na kidole chake kisingekuwa huru tena kama kilivyokuwa. Kunyamaza ndiko kulikomponza, kwa maana aliona ngazi ikichongwa mlima mzima, siku baada ya siku, akaisifu, akapanda na kushuka kwayo, na hakusema neno. Anayemtazama mwenziwe akifukia mbegu ya mnazi huku mwenyewe ameazimia muhogo, akanyamaza kwa sababu kivuli kitamfaa na yeye, amechukua kazi ya mtu kwa hila, hata kama hila yenyewe hakuijua.

Mwaliko wa kujenga unaweza kutolewa kwa namna ya wazi, na ukawa na faida nje ya kioo. Mwaka 2012 shirika la Umoja wa Mataifa la makazi, UN-Habitat, lenye makao yake Nairobi, lilishirikiana na watengenezaji wa Minecraft katika mradi ulioitwa Block by Block, na Kibera ikawa miongoni mwa mahali pa mwanzo. Wakazi waliitwa kuupanga uwanja wao ndani ya mchezo: hapa njia, hapa mtaro, hapa mahali pa kukaa akina mama. Wengi hawajui kusoma ramani ya mhandisi, lakini kila mtu anajua kuhamisha tofali. Ubora wa mwaliko ule ulikuwa katika ahadi iliyoambatana nao, kwamba kilichopangwa kwenye kioo kitazingatiwa wakati wa kuchimba udongo. Uzito wake wote umo katika ahadi hiyo. Ikiwa watu huitwa wakajenga, wakapigwa picha wakijenga, kisha michoro ya zamani ikafuatwa kama ilivyokuwa, basi aliyewaita aliwahitaji kwa picha, na mchezo ulikuwa wa upande mmoja.

Mgeni naye ana deni, ingawa halina urefu wa kujadiliwa sana. Wapo wanaoingia katika malimwengu ya watu kwa raha ya kuvunja, na kwa hao mlango ufungwe bila ya insha. Asiyevunja lakini akajenga katikati ya ua wa mwenyeji bila ya kuuliza, huyo afundishwe tu.

Limebaki jambo moja ambalo linaitenga dunia ya kioo na ile ya udongo, na linamfanya kijana awe na udhuru mdogo zaidi kuliko serikali yoyote. Nyumba ya Nduta haikuweza kunakiliwa. Aliyeondoka aliondoka na alichoweza kubeba kichwani. Ulimwengu wa Minecraft ni faili, na faili hutumwa kutoka simu moja hadi nyingine kwa muda wa kunywa kikombe cha kahawa. Kabla ya kuufuta, angeweza kumpa yule wa Kibondo nakala nzima: daraja, ngazi, ngano. Asingepungukiwa na chochote. Pale ambapo kufunga mlango kunamgharimu mwenyeji sana na kuuacha wazi kunamgharimu sana vilevile, huruma hugawanyika. Ama pale ambapo kumwachia mgeni matunda ya mikono yake hakugharimu kitu, kutomwachia hakuna hata jina la ubahili.

Kila ulimwengu katika mchezo ule huota kutokana na tarakimu ndefu ambayo wachezaji huiita mbegu. Mbegu ileile, ikitiwa katika mchezo wa toleo lilelile, huotesha nchi ileile: kilima kilekile, mto unaopinda palepale, mti uliosimama peke yake palepale. Na achukuliwe kwamba yule wa Kibondo alikuwa ameinakili tarakimu hiyo nyuma ya daftari, kwa mapenzi tu, wiki ya kwanza. Miezi sita baadaye anapata simu yake mwenyewe. Anaitia tarakimu moja moja, akisubiri. Nchi inatokea, naye anaijua. Anatembea hadi mtoni bila ya kupotea, anafika mahali pa daraja, na pana maji tu, na ng'ambo ya pili mlima umesimama mzima, haujaguswa na sururu. Jua la humo lina dakika chache kabla halijazama. Anarudi nyuma, anaukata mti wa kwanza, na kabla hajaweka tofali anachukua simu tena na kumwandikia rafiki yake wa Kasulu kumwuliza kama anataka kuja.